Frigeti, destroya au namba ya ubavuni: uzipange manowari kwa mfumo upi?

Niliwahi kutuma habari fupi yenye maneno "frigeti ya Ufaransa Aquitaine". Mhariri akanirudishia na alama nyekundu: "Ubavuni pameandikwa D650. D ni destroya. Rekebisha." Hakukosea kabisa. Katika mfumo ulioanza kwa Waingereza na baadaye kufuatwa na washirika wao wa Ulaya ndani ya NATO, D ni destroya na F ni frigeti. Shida ni kwamba Wafaransa wenyewe wanaiita Aquitaine frigeti, halafu wanaipaka D. Nenda Italia, utamkuta ndugu yake, Carlo Bergamini, aliyezaliwa katika mradi huohuo wa FREMM wa nchi hizo mbili. Huyo kapakwa F590.

Tulibishana kwenye simu mpaka salio likakata. Nililobaki nalo ni swali la kazi, na nadhani linamgusa kila anayetafsiri habari za bahari, anayekusanya picha za meli au anayetengeneza orodha ya manowari kwa Kiswahili: ushike mfumo upi? Kuna neno la aina (frigeti, kruza, destroya), kuna herufi na namba za Kimarekani, kuna namba za ubavuni za Kiingereza, kuna namba za miradi za Kirusi, na kuna jina lenyewe la meli. Nimezitumia zote, na zote zimewahi kuniangusha, ila si kwa kiwango kimoja.

Neno la aina: kila mtu anajiitia

Sisi wa pwani tuna ubahili wa ajabu hapa. Vyombo vyetu wenyewe tunavitenganisha kwa makini: jahazi si mashua, ngalawa ina matengo, mtepe ulishonwa kwa kamba bila msumari. Mzee wa Lamu huangalia shetri na omo tu, yaani nyuma na mbele ya chombo, akakwambia hicho ni chombo gani. Lakini kwa meli za vita tuna neno moja, manowari, tulilolipata kwa mabaharia wa Kiingereza enzi za matanga, na ndani yake tunatia kila kitu chenye mzinga.

Ungedhani basi maneno ya wenzetu yatatusaidia. Yanasaidia nusu. Jahazi linaitwa jahazi kwa umbo lake. Kruza inaitwa kruza kwa sababu mwenye nayo kaamua hivyo. Mfano upo Zanzibar. Alfajiri ya tarehe 20 Septemba 1914, kruza ya Kijerumani Königsberg iliikuta kruza ya Kiingereza Pegasus imetia nanga bandarini Unguja. Kruza na kruza, kwa karatasi. Lakini Pegasus ilishushwa majini mwaka 1897 na ilikuwa na uzito wa tani kama 2,100. Königsberg ilikuwa ya 1905, tani zaidi ya 3,000, na mizinga yake ilifika mbali kuliko ya mwenzake. Mwingereza alipigwa bila ya kombora lake kufika, na meli ikazama. Miezi kumi baadaye, tarehe 11 Julai 1915, Königsberg nayo ikamalizwa ndani ya delta ya Rufiji. Waliommaliza hawakuwa kruza. Walikuwa monita wawili, Severn na Mersey, vibeti vya tani zisizofika 1,500 vyenye mizinga ya milimita 152, vinavyoelea kwenye maji yasiyozidi mita mbili. Ukipanga orodha yako kwa ukubwa wa cheo, Rufiji haielezeki.

Mikataba ya silaha ilijaribu kuyapa maneno haya kipimo. Mkataba wa Washington wa 1922 uliiwekea kruza mpaka wa tani 10,000 na mizinga ya milimita 203. Ule wa London wa 1930 ukagawanya kruza nzito na kruza nyepesi, na mgawanyo haukufuata uzito wa meli, ulifuata mdomo wa mzinga: ukizidi milimita 155, nzito, usipozidi, nyepesi. Ndiyo maana Wamarekani waliunda kruza "nyepesi" za familia ya Brooklyn (familia ni meli zilizoundwa kwa ramani moja) zenye mizinga 15 na uzito unaokaribia tani 10,000. Anayetafsiri "kruza nyepesi" akidhani ni meli ndogo anampotosha msomaji, ingawa kila neno lake ni sahihi.

Mikataba ilipokufa, kipimo kikafa nacho. Marekani ya miaka ya 1960 iliita frigeti meli kubwa kuliko destroya, wakati Ulaya frigeti ilikuwa ndogo kuliko destroya. Tarehe 30 Juni 1975 wakabadilisha kwa waraka: frigeti nyingi zikaamka kruza, nyingine zikaamka destroya, na meli ndogo za kusindikiza misafara zikapewa jina la frigeti lililobaki wazi. Hakuna fundi aliyegusa hata bamba moja la chuma. Leo destroya Zumwalt ina tani zaidi ya 15,000, na kruza za familia ya Ticonderoga hazifiki 10,000. Japani nayo ina Izumo, yenye urefu wa mita 248 na sitaha tupu kutoka omo hadi shetri, inayofanyiwa marekebisho ili ibebe ndege za F-35B. Kwa Kijapani ni meli ya kusindikiza. Kwa herufi ilizoanza nazo, DDH, ni destroya wa helikopta. Katiba ya nchi hiyo ni kali kuhusu silaha za kushambulia, na neno "meli ya kubeba ndege" lina harufu ya 1941, mwaka wa shambulio la Pearl Harbor.

Ushauri wangu hapa ni mfupi: neno la aina lichukue kwa mwenye meli, uliandike kama alivyosema, usilibadilishe kwa mantiki yako. Akisema frigeti, frigeti. Na usilitumie kamwe kulinganisha meli ya nchi hii na ya nchi ile. Ukitaka kulinganisha, taja tani, urefu na silaha.

Herufi na namba za Marekani: nzuri kwa kumtambua mmoja

Mfumo huu ulirasimishwa Julai 1920, na kwa kumtambua mtu mmoja ndani ya umati sijaona unaoushinda. Herufi zinasema kazi: DD destroya, SS nyambizi, CV meli ya kubeba ndege, BB meli kubwa ya mizinga. Zinazoongezwa nyuma zinasema zaidi: G ni makombora ya kuongozwa, N ni nguvu ya nyuklia. Kwa hiyo SSN ni nyambizi ya nyuklia ya kushambulia, na SSBN ni ile inayobeba makombora ya masafa marefu. Kisha inafuata namba, nayo kwa kawaida haipewi meli nyingine.

Chukua jina Enterprise. Ukiandika tu "Enterprise ilishiriki vita", msomaji hajui kitu. Ile ya Vita vya Pili vya Dunia ni CV-6. Ile ya 1961, ya kwanza duniani kubeba ndege kwa nguvu ya nyuklia, ni CVN-65. Inayoundwa sasa ni CVN-80. Jina moja, meli tatu, namba zinazitenga bila ugomvi. Hata herufi zikibadilika, namba hubaki: Intrepid, ambayo leo ni makumbusho New York, ilianza kama CV-11, ikawa CVA-11, ikawa CVS-11. Ukipanga kwa namba unaipata. Ukipanga kwa herufi inakupotea mara mbili.

Lakini usiamini kwamba namba zinafuatana kama shanga. Ticonderoga iliagizwa kama destroya DDG-47, kisha tarehe 1 Januari 1980 ikageuzwa kuwa kruza CG-47 kabla hata haijamaliza kuundwa. Ndiyo maana familia ya destroya iliyofuata, Arleigh Burke, inaanzia DDG-51: nyuma yake pana pengo. Nyambizi Seawolf ilipewa SSN-21 kwa sababu ilinadiwa kama nyambizi ya karne ya 21, na namba ikaganda, wakati za kabla yake zilikuwa zimeshapita 700. Zumwalt ni DDG-1000. Mtu anayetafuta "meli ya elfu moja" asihangaike.

Namba za Uingereza: za kusoma ukiwa gatini

Hizi ni za macho. Zimepakwa kubwa ubavuni ili meli isomwe kutoka mbali, na ukiwa umesimama Forodhani au Kilindini na meli ya kigeni inaingia, ndizo zitakazokusaidia kwanza. D destroya, F frigeti, R meli ya kubeba ndege, L ya kushusha askari ufukweni, P ya doria, A ya msaada, M ya kushughulikia mabomu yaliyotegwa baharini. Nyambizi zina S, ila haipakwi tena. Kwa kuwa nchi nyingi za NATO barani Ulaya zinagawana mfumo huu, kamera yako na herufi moja zinakupunguzia kazi kubwa.

Udhaifu wake ni kwamba namba hurudiwa. Meli ikistaafu, namba yake inaweza kupewa nyingine miaka ya mbele, na kabla ya 1948 herufi zenyewe zilikuwa tofauti: frigeti za wakati wa vita zilibeba K. Kwa hiyo kwa historia, namba ya Kiingereza bila mwaka ni nusu ya habari.

Halafu kuna ushirikina, na mimi kama mtu wa pwani siwezi kuupita kimya. Frigeti Lancaster ilipangiwa F232. Baadaye ikabadilishwa kuwa F229, kwa sababu 232 ilikuwa namba ya fomu ambayo Jeshi la Wanamaji la Uingereza hujaza meli ikipanda mwamba au ikigongana. Hakuna baharia aliyetaka kutembea na fomu hiyo ubavuni.

Waingereza wana pia namba za "Type", na hapa watu wengi huchanganya. Hizo si za meli moja, ni za ramani ya kuundia meli. Type 23 ziliundwa frigeti 16, zenye majina ya vyeo vya makabaila wa Kiingereza waitwao "duke", kama Kent, Norfolk na Lancaster yenyewe. Type 45 ni destroya sita, na majina yote yanaanza na D: Daring, Dauntless, Diamond, Dragon, Defender, Duncan. Zamani namba hizi zilikuwa na maana, kundi hili kwa kuwinda nyambizi, kundi lile kwa kuzuia ndege; siku hizi zichukulie kama jina la ukoo tu.

Namba za miradi za Urusi: kwa anayetaka ukoo

Warusi ndio wanaonipa raha kuliko wote, na ndio wanaoweza kukutesa kuliko wote usipowajua. Anzia na ubavu: Wasovieti walikuwa wakizibadilisha namba za ubavuni kila mara ili kumchanganya anayepiga picha. Ukizitumia kama za Kiingereza, orodha yako itakuwa na meli ambazo hazijawahi kuwepo. Cha kushika ni namba ya mradi, yaani ya ramani iliyotumika kuunda meli.

Angalia meli yao ya kubeba ndege. Ilipoanza kuundwa iliitwa Riga. Ikabadilishwa kuwa Leonid Brezhnev. Siasa zikageuka, ikawa Tbilisi. Mwaka 1990 ikawa Admiral Kuznetsov, jina lililobaki. Majina manne kabla haijaanza kazi vizuri, na wakati wote huo ilikuwa Mradi 1143.5. Nduguye wa tumbo moja, Varyag, aliachwa hajakamilika Ukraine, akauzwa mwaka 1998 kwa kampuni ya Macau iliyosema itaifanya kasino, na mwaka 2012 akaingia kazini China akiitwa Liaoning. Anayefuata majina peke yake ataona meli mbili zisizohusiana. Anayefuata mradi ataona mama mmoja.

Na aina yake? Kwa Kirusi Kuznetsov ni kruza nzito ibebayo ndege. Wengi hueleza kuwa hiyo ni hila ya kupita Bosporus, mlango wa bahari wa Uturuki, kwa kuwa Mkataba wa Montreux wa 1936 unazibana meli za kubeba ndege. Hila ipo, lakini meli hiyo pia iliundwa na makombora 12 ya Granit ya kupiga manowari nyingine chini ya sitaha, kitu ambacho meli za Kimarekani za kubeba ndege hazina. Neno kruza halikuwa la uongo mtupu.

Mtego mkubwa ni majina ya NATO. Wakati wa Vita Baridi, nchi za Magharibi hazikujua Wasovieti wanaziitaje meli zao, zikazibatiza. Nyambizi walizipa maneno yanayotajia herufi kwenye redio: Alfa, Charlie, Victor, Kilo. Sasa sikiliza: nyambizi kubwa kuliko zote zilizowahi kuundwa, Mradi 941, Wasovieti waliiita Akula, yaani papa. NATO ikaiita Typhoon. Kisha ikaja nyambizi nyingine, Mradi 971, ambayo Wasovieti waliiita kwa jina la samaki mwingine, Shchuka-B; NATO ikaibatiza… Akula. Kwa hiyo ukisoma "Akula" kwenye kitabu cha Kirusi na "Akula" kwenye kitabu cha Kiingereza, ni nyambizi mbili ambazo moja ni kubwa sana kuliko nyingine. Nimeona makala ya Kiswahili iliyotia silaha za moja kwenye mwili wa nyingine. Andika 941 au 971, na mabano ya NATO yafuate ikiwa ni lazima.

Majina: yanasema habari za nchi, hayasemi habari za meli

Jina ndilo linalopendwa na wasomaji, na ndilo la mwisho kwa kupanga. Lakini kwa kusoma tabia ya nchi halina mfano. Marekani ilikuwa na kanuni nzuri: majimbo kwa meli kubwa za mizinga, miji kwa kruza, mashujaa kwa destroya, samaki kwa nyambizi. Kisha nyambizi zikaanza kuitwa Los Angeles na miji mingine. Amirali Hyman Rickover, baba wa nyambizi za nyuklia, huhusishwa na maelezo ya sababu: samaki hawapigi kura. Mji una mbunge, na mbunge anapitisha bajeti. Moja ya nyambizi za familia hiyo iliyojaa miji ikapewa jina la Rickover mwenyewe.

Waingereza walipanga majina kwa mada, na sisi tumo ndani yake. Kruza Kenya na Uganda zilikuwa za familia ya makoloni. Uganda ilikabidhiwa Kanada mwaka 1944 na mwaka 1952 ikageuzwa jina kuwa Quebec. Ilikuwepo pia frigeti Zanzibar, iliyoundwa Marekani wakati wa vita. Hiyo ni mfano mzuri wa kazi yetu hii: ramani yake ni ya familia ya Tacoma, ambayo kwa Wamarekani ilibeba herufi PF na majina ya miji midogo, na kwa Waingereza ilibeba K na majina ya visiwa na makoloni. Na kabla ya hapo, katika Vita vya Kwanza, destroya Nubian ilipoteza omo na Zulu ikapoteza shetri. Mafundi wa Chatham wakaunganisha vipande vilivyobaki, na mwaka 1917 ikatoka meli moja iitwayo Zubian. Hiyo uiweke wapi kwenye orodha ni juu yako. Mimi nimeipa mstari wake.

Ziwa Tanganyika nako, mwaka 1915, Waingereza walileta boti mbili. Kamanda wao alitaka ziitwe Paka na Mbwa, wakubwa wakakataa, akaziita Mimi na Toutou, majina hayohayo kwa Kifaransa cha watoto. Kwa msomaji wa Kiswahili, "Mimi iliiteka Kingani", boti ya Wajerumani, inahitaji sentensi ya pili.

Kenya, kwa upande wake, inasomeka kama kalenda. Boti za 1966 ni Simba, Chui na Ndovu. Za miaka ya 1970 ni Mamba, halafu Madaraka, Jamhuri na Harambee. Zikaja Nyayo na Umoja za miaka ya 1980, na hakuna haja ya kukwambia nani alikuwa Ikulu. Kisha Shujaa na Shupavu, na Jasiri ya 2012. Mito Tana na Galana wamepewa za kushusha mizigo ufukweni. Tanzania ina meli za doria Mwitongo na Msoga: nyumbani kwa Nyerere, nyumbani kwa Kikwete. Ukiyapanga kwa miaka una historia ya siasa. Ukitafuta ndani yake ipi ina makombora, huna kitu.

Ninavyofanya mimi

Orodha yangu ina safu ya kwanza ya ramani: familia kwa meli za Magharibi (jina la meli ya kwanza, kama Arleigh Burke), mradi kwa za Kirusi, Type kwa za Kiingereza na za Kichina. Safu ya pili ni namba ya meli yenyewe, isipokuwa kwa Warusi ambako naiacha tupu. Ya tatu ni jina pamoja na mwaka wa kuingia kazini, na majina ya zamani yote. Neno la aina lipo mwisho, kwa maneno ya mwenye meli, na pembeni tani. Ukiwa ni mpiga picha wa gatini, geuza: namba ya ubavuni iwe ya kwanza, tarehe ya picha iwe ya pili, kwa sababu hiyo ndiyo utakayokuwa nayo mkononi. Ukiwa unaandika habari ya aya tatu kwa msomaji wa kawaida, jina, namba na urefu wa meli vinatosha, na "manowari" haina aibu.

Habari ile ya kwanza ilitoka hivi: "frigeti ya Ufaransa Aquitaine, namba D650 ubavuni". Mhariri akaongeza neno moja baada ya namba: "(sic)", yaani ndivyo ilivyoandikwa, kosa si letu. Nikampigia tena.